"Mwandishi anasema": maneno mawili yaliyonirudishia tasnifu

Sura ya kwanza ya tasnifu yangu ya uzamili ilirudi kwangu ikiwa safi kuliko nilivyotegemea. Hakuna aya iliyokatwa. Ila kila nilipoandika "mwandishi anasema", msimamizi alikuwa amepiga mstari chini yake, na pembeni akauliza neno moja: "Nani?" Nilizihesabu usiku ule nikiwa na hasira zangu. Zilifika 31.

Nilikuwa nimefundisha fasihi kidato cha tano na sita kwa miaka kadhaa. Fani na maudhui nilivijua kama njia ya kwenda chooni gizani: dhamira, ujumbe, migogoro, msimamo, falsafa, kisha mtindo, muundo, wahusika, mandhari, matumizi ya lugha. Unachukua riwaya, unaigawa kwenye makabati hayo, kazi imekwisha. Siyadharau makabati yale. Mwenye mtihani mbele yake ayatumie, yatamvusha. Lakini wewe unayetaka kuandika kitu kirefu juu ya mtunzi fulani, makala au tasnifu, naomba uyasikie yaliyonikuta kabla hujaanza kugawa.

Nilikuwa nahakiki riwaya ya Kusadikika ya Shaaban Robert, nikaandika kwa kujiamini kabisa: "Mwandishi anasema kuwa Kusadikika ni nchi inayowafunga wajumbe wake." Nani? Nikarudi kitabuni na penseli. Kila ukurasa niliandika pembeni herufi ya anayezungumza: S kwa msimulizi, M kwa Waziri Majivuno, K kwa Karama. Nilipofika kwenye habari za wale wajumbe sita, kina Buruhani na Fadhili, waliotumwa huku na huku wakarudi na mambo ya manufaa kisha wakaishia kifungoni, pembeni kulikuwa na K, K, K, kurasa kwa kurasa. Yote yale tunayasikia kinywani mwa mshtakiwa. Karama yuko barazani, ameshtakiwa kwa kufundisha uanasheria, na anajitetea. Mtu anayejitetea huchagua la kusema na la kunyamazia, na hupanga lipi litangulie. Mfalme naye ametulia anamsikiliza, kumbe anasomewa makosa ya serikali yake mwenyewe, na hawezi kumkatiza kwa kuwa ni utetezi.

Sasa kumbuka kwamba kitabu kilitoka 1951, Tanganyika ikiwa mikononi mwa Mwingereza, na mtunzi wake alikuwa akila mshahara wa serikali hiyohiyo. Ile kesi si pambo la "muundo" la kutajwa kwenye kabati la fani halafu tukaendelea. Ndiyo njia ya kulisema jambo bila kulisema wewe. Miaka yote ile nilikuwa nawafundisha watoto wa watu dhamira ya dhuluma kwenye ukurasa mmoja na muundo wa hadithi ndani ya hadithi kwenye ukurasa mwingine, na kati yake tunakwenda mapumziko ya chai.

Kwa hiyo, penseli. Kabla ya nadharia na kabla ya muhtasari wa sura. Inachosha, na nakala ya kuazima usiifanyie hivyo.

Kosa langu la pili lilikuwa baya zaidi, na bado nalisikia kwa watu wazima wenye vyeti. Utubora, katika Utubora Mkulima ya Shaaban huyohuyo, anaacha kazi ya mshahara mjini na kushika jembe. Nikaandika kwamba hapa mtunzi anaunga mkono Azimio la Arusha. Lilinipendeza kweli, nikalipigia hata mstari. Kitabu kimechapishwa 1968, Azimio ni la 1967, hesabu imekaa sawa. Isipokuwa Shaaban Robert alifariki Juni 1962. Kufikirika nayo ilitoka 1967, lakini aliiandika 1946, vita vya pili vimetoka kuisha tu. Mwaka ulioko nyuma ya jalada ni mwaka wa mchapishaji. Kwa mtunzi ambaye miswada yake ilichapishwa baada ya kuzikwa, kachore kwanza mstari wenye tarehe mbili kwa kila kitabu, kuandikwa na kuchapishwa, ndipo uanze kuzungumzia "mazingira ya kijamii". Nilipochora wangu, kurasa tisa zilikwenda na maji.

Nadharia nitaipitia haraka, maana hapo kila mtu ana dini yake. Mwanafunzi akiniambia "natumia udhanaishi kumhakiki Kezilahabi", yaani ile falsafa inayouliza kama maisha yana maana, namuuliza kama Kichwamaji, riwaya ya Kezilahabi, amekisoma mara mbili. Mara nyingi udhanaishi ameusoma mara mbili na Kichwamaji mara moja. Halafu wanasahau kwamba Kezilahabi mwenyewe alikuwa mhakiki: tasnifu yake ya uzamili ya 1976, pale Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ilimhusu Shaaban Robert kama mwandishi wa riwaya. Wakati huo alikwisha kutoa Rosa Mistika, Kichwamaji, Dunia Uwanja wa Fujo na diwani ya Kichomi. Mhakiki ambaye naye ni mtunzi msome kwa macho mawili: anachomwambia mwenzake, na njia anayojisafishia yeye. Mfano mdogo ni majina. Wahusika wa Shaaban hubeba tabia zao kama beji kifuani: Majivuno, Utubora, Karama. Kwa Kezilahabi unakutana na Rosa, Regina, Zakaria, majina ya watu wa kanisani Ukerewe. Unadhani ameachana na mtindo wa mzee. Kisha geuza vitabu: Kazimoto, Tumaini. Hakuachana nao kabisa. Hilo ukilifuata linaweza kukupa sura nzima, na wala hujamtaja mwanafalsafa wa Ufaransa.

Turudi kwenye "Nani?", maana kwenye ushairi ndipo liliponitoa jasho.

Nilikuwa na sura juu ya Sauti ya Dhiki ya Abdilatif Abdalla, mshairi wa Mombasa. Historia yake inajulikana: aliandika kijitabu cha kuikosoa serikali, Kenya: Twendapi?, mwaka 1968, akafungwa 1969 hadi 1972, na mashairi aliyoyatunga gerezani yakatoka kama diwani 1973. Katika shairi la "Mamba" niliandika kwa sentensi moja mamba ni nani, nikamtaja mtawala wa wakati ule, nikaona nimemaliza. Pembeni, wino ukaniuliza: kama ni hivyo tu, shairi la nini? Na kweli. La moja kwa moja alikwisha kulisema kwenye kijitabu, na ndicho kilichomfunga. Shairi lazima lilikuwa na kazi nyingine.

Nikaanza upya kwenye mishororo mitatu ya kwanza:

Nami nambe, niwe kama waambao
Niupambe, upendeze wasomao
Niufumbe, wafumbuwe wawezao

Nakiri hapa mbele yenu: mimi mtu wa bara, lile "nambe" nililiona kosa la chapa. Nilidhani ni "naomba". Mtaani kwetu alikuwepo bibi mmoja mzaliwa wa Mombasa, nikampelekea kitabu jioni.

"Shikamoo bibi. Hapa pamekosewa, au?"

"Marahaba, mwanangu. Lete."

Alivaa miwani, na hakusoma kimyakimya kama nisomavyo mimi. Alighani. Alipofika "nambe" akatua kidogo, ndipo akauvuta uliobaki. Akarudia hivyo mshororo wa pili na wa tatu. Masikio yangu yakahesabu yenyewe kile ambacho macho hayakukiona: mizani nne kwenye ukwapi, kile kipande cha kwanza cha mshororo, nane kwenye utao, kipande cha pili, kama mtu anayepiga hatua moja fupi kisha moja ndefu.

"Hapakukosewa. Nambe ni niseme. Waambao, wasemao." Akanirudishia kitabu, akakichukua tena. "Na huyu hakwambii tu. Amekutangulizia kabisa kwamba anakuficha. Anayeweza na afumbue."

Nilikuwa na kurasa 12 juu ya shairi lile na hilo halikuwemo. Mfungwa anaanza kwa kuomba nafasi ya kusema, anaahidi kuupamba utungo wasomaji wapendezwe, halafu anatangaza waziwazi kwamba atafunga fumbo, tena la "wawezao" tu. Wasioweza, ukiwemo pengine upande ulioshika funguo, wabaki na mnyama wao wa mtoni. Na tazama sauti zenyewe: nambe, niupambe, niufumbe. Kusema, kupamba, kufumba, yote yanagonga mahali pamoja, na jina la shairi linagonga papo hapo. Mamba limo ndani ya kuamba. Mimi nilikuwa nimekimbilia kumtaja mtu kabla ya kumsikia mamba.

Tangu hapo sihakiki shairi ambalo sijalisoma kwa sauti mbele ya mtu mwingine, ikiwezekana mtu wa lahaja yake. Kamusi itakupa maana ya "siwati" kuwa ni siachi. Haitakuonyesha anapotua.

Tasnifu ilipokamilika, maneno "mwandishi anasema" yalibaki mahali pamoja tu, kwenye "nambe". Niliyaacha kwa makusudi, nikajibu swali kabla halijaulizwa: hapa kweli anasema, neno lenyewe ni niseme. Ikarudi na wino mwekundu. "Hata hapo, si nafsineni?" Yaani ile sauti inayozungumza ndani ya shairi, ambayo si lazima iwe ya mtunzi.

Tunabishana hadi leo.