Jibu: Kichwa kidogo cha mvuke kinatema maji halafu kinasimama

Habari mkuu. Kama nimekuelewa, kichwa chako cha treni (ile modeli ndogo ya mvuke inayochemsha maji kwa moto wa spiriti) kinapata mvuke vizuri, ila ukifungua mvuke kinatema maji kwenye dohani, magurudumu yanacheza kidogo, kisha kimya. Changu kilinisumbua hivyo hivyo wiki mbili nzima.

Anza na maji. Ukijaza boila mpaka juu, mvuke unakosa nafasi na kubeba maji hadi kwenye silinda. Ishia robo tatu.

Halafu silinda zenyewe. Zikiwa baridi, mvuke unageuka maji ndani, na maji hayabanwi. Sukuma magurudumu taratibu kwa mkono, mizunguko kadhaa, mpaka maji yaishe kutoka (vaa glavu, mimi niliungua). Vichwa vikubwa vina koki chini ya silinda kwa kazi hiyo. Lile wingu jeupe linaloruka pembeni treni ikianza kuondoka ndilo hilo. Hata Mount Gelai, kichwa kikubwa cha mvuke aina ya Garratt namba 5918 kilichopo Makumbusho ya Reli Nairobi, zaidi ya tani 250, kilihitaji adabu hiyo hiyo. Ndiyo maana siachi hivi vitu: mashine yote unaiona ikifanya kazi.

Vichwa vidogo vya kuwasha kwa makaa sijawahi kuvigusa. Na vali ya usalama usiizibe hata ikivuja.