Jina letu ni Deogratias, kwa herufi "a"

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipata. Unasema ulipokwenda kumwandikisha mjukuu wangu uligundua kwamba cheti chako kimeandikwa "Deogratius" na changu "Deogratias", nawe unauliza lipi ni sahihi, na jina la namna hiyo liliingiaje katika ukoo wa Kisukuma.

Sahihi ni Deogratias. Ni maneno mawili ya Kilatini yaliyounganishwa: Deo, yaani "kwa Mungu", na gratias, yaani "shukrani", kitenzi kikiachwa kwa kuwa kila asikiaye anakielewa. Jina letu ni sentensi nzima, kama vile jirani zetu wa Rwanda na Burundi wanavyomwita mtoto Nshimiyimana, "namshukuru Mungu". Karani aliyekuandikia cheti nadhani alikumbuka kina Paulus na Julius, akaona la kwetu nalo liishie vivyo hivyo. Ila ukiweka -us, sentensi inavunjika. Nami nina sehemu yangu katika kosa hilo, maana nilikipokea cheti dirishani nikakikunja bila kukisoma.

Aliyepewa jina hili ni babu yako. Mama yake alikuwa amezika watoto watatu, hakuna hata mmoja aliyetimiza mwaka, na huyu wa nne alipopona homa akapelekwa kubatizwa Bukumbi, misheni ambayo Mapadre Weupe, shirika la wamisionari Wakatoliki, waliifungua mwaka 1883 kusini mwa Mwanza. Mama alitaka jina la kushukuru, akapewa hilo. Kisha likawa jina langu la mwisho, kwa desturi yetu ya mtoto kuandikwa kwa jina la baba yake, nami nikakuachia wewe liwe la ukoo.

Mimi nililijua kwa masikio kabla ya kulijua kwa macho. Miaka ya mwanzo ya 1960 Misa ilikuwa bado ya Kilatini, na mwishoni padri alipotamka "Ite, missa est", kuaga watu, jibu lilikuwa "Deo gratias". Nilikuwa nimeshika kanzu ya babu yako, nikiamini kwa moyo wote kwamba kanisa zima linamwita baba yangu kabla ya kutoka nje.

Sasa usidhani ni jina la Ulaya tulilobandikwa. Wakristo wa Afrika ya Kaskazini chini ya Warumi walipenda mno majina yaliyo sentensi: mtoto wa Mtakatifu Augustino aliitwa Adeodatus, "aliyetolewa na Mungu", na askofu mmoja wa Karthago, katika Tunisia ya leo, aliitwa Quodvultdeus, "apendalo Mungu". Aliyemfuata katika kiti hicho ndiye Mtakatifu Deogratias. Mwaka 455 Wavandali, watu kutoka Ulaya waliokuwa wakiitawala Karthago wakati huo, waliiteka Roma, wakaleta mateka kwa merikebu hadi Karthago na kuwagawana, mume huku na mke kule, watoto mbali na wazazi. Deogratias aliuza vyombo vya dhahabu na fedha vya kanisa ili awakomboe na familia zisitenganishwe. Makanisa mawili makubwa aliyajaza vitanda na majani makavu ya kulalia, na usiku, ingawa alikuwa mzee na dhaifu, alipita kitanda kwa kitanda akiuliza hali za wagonjwa. Alifariki baada ya miaka mitatu hivi ya uaskofu. Kila nikimfikiria mzee yule akiinama juu ya majani, nafurahi kwamba ndiye somo wa baba yangu. Lavigerie, aliyewaanzisha Mapadre Weupe huko Algiers mwaka 1868, naye alikuja kuwa askofu mkuu wa Karthago mwaka 1884, katika kiti kile kile.

Kwa vyeti vyako mwenyewe sikushurutishi, kwa sababu najua usumbufu wa kubadilisha kila karatasi pamoja na viapo vyake. Lakini mtoto aandikwe kwa "a". Nakutumia nakala ya cheti cha ubatizo cha babu yako. Wino umefifia, ila herufi ya pili kutoka mwisho inasomeka vizuri. Mwonyeshe karani, na kabla hujaondoka dirishani, usome alichoandika.

Baba yako