Filamu ya chukudu bila msimulizi

Mdogo wangu, unauliza kama filamu yako ya watu wa chukudu, kile kigari cha mbao cha magurudumu mawili cha kubebea mizigo, hapa Goma itaeleweka bila msimulizi. Itaeleweka, ila shughulikia sauti kwanza. Simu inatosha kwa picha. Maikrofoni yake upepo wa ziwa utaivuruga. Ifunge kitambaa, sogea karibu na gurudumu: likigonga mawe ya lava ya mlipuko wa volkano ya Nyiragongo wa 2002, mbao zinalia, na mlio huo unasimulia wenyewe. Picha moja iache dakika tatu bila kukata, hata rafiki zako wakipiga miayo (wangu walipiga). Kisha mwonyeshe mwenye chukudu kabla ya wengine. Mimi niliruka hatua hiyo. Mzee mmoja wa mtaa wa Birere akadai nifute yote. Nikafuta.