Karatasi ya Ijumaa saa saba

Nilipokuwa msimamizi wa zamu kwenye ghala moja Dar es Salaam, ovataimu ya Jumapili ilikuwa inagombaniwa. Nikaona nikate maneno ya upendeleo: kila Ijumaa saa saba kamili mchana nabandika karatasi mlangoni, nafasi nane, anayewahi ndiye anayeandika jina. Nilijiona mwenye haki kweli kweli.

Miezi mitatu baadaye, nikifunga hesabu, nikaona majina ni yale yale. Kijana mmoja mchapakazi hakuwemo hata mara moja. Nikamtania, "Wewe pesa huzitaki?" Akacheka. "Bosi, karatasi yako ikibandikwa mimi niko msikitini. Nikirudi imeshajaa."

Sikumlenga yeye wala dini yake, lakini Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, kifungu cha 7, inakataza ubaguzi wa moja kwa moja na usio wa moja kwa moja. Huu wangu ni wa pili: utaratibu mmoja kwa wote, ila mlango unawafungia wale wale kila wiki.

Nilipoanza kuchungulia nikakuta mengine. Posho ya mahudhurio ilidai saa zote za siku, huku sheria hiyo hiyo ikimruhusu mama anayenyonyesha hadi saa mbili kwa siku. Mama akienda kunyonyesha, posho imekwenda. Tangazo la mtunza stoo nalo lilitaka leseni ya udereva. Dereva sawa, kazi yenyewe inaidai. Stoo leseni ya nini? Mwenye ulemavu wa mguu anayejua hesabu kutuzidi sote asingeomba.

Kwa hiyo msimamizi, usisome kanuni yako, maana itakupendeza tu. Soma daftari uone nani hayumo, kisha uwaulize wasiokuwemo wenyewe.

Na wewe mfanyakazi, ukianza na "mnatubagua", bosi ataanza kutetea moyo wake. Mpelekee tarehe na majina. Akikaza shingo, Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, inayosikiliza migogoro ya kazi, ipo, ila usikae na jambo hadi siku za kupeleka lalamiko zikupite.

Karatasi yetu ikahamia Jumatano asubuhi hadi Alhamisi jioni, wakizidi nane tunapiga kura ya bahati. Yule kijana alipata. Jumapili yake ya kwanza alichelewa nusu saa, nikamkata malipo kama wengine.