La mtamba tuliache kwanza

Mwanangu,

Salamu zako zimefika, na swali lako pia: tumuuze yule mtamba wetu ambaye bado hajazaa kabla kaskazi haijakaza, au utume hei, na kama ni hei, marobota mangapi. Nikujibu la hei. Hilo jingine linanikaa kooni.

Ng'ombe wa kilo 300, kama hawa wetu, anataka kilo 8 hivi za majani makavu kwa siku. Robota la kilo 15 halimalizi siku mbili. Ukihesabu siku 90 mpaka masika, ni marobota 48 kwa ng'ombe mmoja, nao ni wawili. Usishtuke. Mabua niliyapanga bandani tangu Agosti, machicha ya nazi hayakosekani, na lusina ipo pale uani, ingawa hiyo nawapa kwa kipimo, ikizidi humnyonyoa ng'ombe manyoya. Tuma 40. Ng'ombe halishwi kiangazi, babangu, hulishwa masika. Nililisema hilo mpaka marehemu babako akawa ananimalizia.

Na mimi huyu huyu ndiye niliyemuua ng'ombe wetu Hidaya.

Ulikuwa darasa la nne. Mwaka ule mabua nilikuwa nimeuza nusu, nikitaka pesa ya Idi, na kufika Februari banda jeupe. Ikapita mvua ya siku mbili, basi. Visiki vya mtama kule shamba la zamani vikachipua, majani mabichi ya urefu wa kiganja. Babako akipanda baiskeli kwenda kukata nyasi Sabaki aliniambia, Hidaya usimfungulie mtamani. Hakusema kwa nini, nami nikaona ni amri tu za wanaume. Mbavu za Hidaya zilikuwa zahesabika. Nikafungua.

Nazi moja sikumaliza kuikuna. Nilisikia kishindo, nikatoka na mbuzi ya kukunia mkononi, nikamkuta amepiga magoti, anatetemeka, povu mdomoni. Jirani alikuja mbio na kisu, hakumuwahi. Mzoga.

Bwana mifugo ndiye aliyenieleza baadaye: mtama mchanga uliochipua baada ya jua kali una sumu ya jamii ya ile ya muhogo mchungu. Ukirefuka hupungua, na ukikatwa ukaanikwa vizuri hupungua pia. Babako alijua. Alirudi alasiri na mzigo wa nyasi, akaushusha mbele ya ndama wa Hidaya, akaenda kunawa. Hakunigombeza. Angenigombeza ningelala.

Kuna siku nasema njaa ingemuua hata hivyo. Halafu nakumbuka kwamba nyasi zilikuwa njiani.

Haya, mtamba. Akili inasema auzwe sasa angali na nyama. Ukame wa 2021 na 2022, kuna wenzetu wa Magarini na Ganze waliongoja mpaka ng'ombe wanainuliwa kwa mikono, na ng'ombe wa kuinuliwa nani atampa bei? Hilo nalijua. Lakini huyu ni wa uzao wa ndama yule yule, na ana mimba ya miezi minne, na masika ikija maziwa yapo. Ikija. Pesa ya hei ni yako, kwa hiyo sisemi kitu. Dalali alikuja juzi akamzunguka mara mbili, nikamwambia mwenyewe yuko Nairobi. Ukinipigia ukasema uza, nitauza, na sitakununia. Sana.

Ila lori la hei lisije usiku. Mwenye kuleta mwambie nitafungua robota moja mbele yake na kutia mkono mpaka kati. Nikikuta joto au harufu ya kuvu, yote yanarudi alikoyatoa. Kuvu huharibu mimba.

Mamako