Edwin Jackson na jezi za timu 14
Ndugu, umeuliza iwapo mrushaji wa besiboli anayehamahama ni lazima awe mchezaji hafifu. La hasha. Edwin Jackson, aliyeanza Ligi Kuu ya Marekani mwaka 2003 siku aliyotimiza miaka 20, alivaa jezi za timu 14, ambayo ni rekodi, ya mwisho kati ya hizo 14 ikiwa Toronto mwaka 2019. Tarehe 25 Juni 2010, akiichezea timu ya Arizona, aliinyima Tampa Bay, timu yake ya zamani, hata pigo moja halali, ingawa alirusha mipira 149 na kuwaachia wapigaji wanane watembee bure hadi kituo cha kwanza. Ushindi wa 1-0, wa jasho kwelikweli. Mwezi uliofuata alibadilishwa kwa wachezaji wawili, akapelekwa Chicago.