Steam imekataa? Usikimbilie kupiga Windows

Maswali mengi ya safari hii ni ya Steam, ile programu ya kununulia na kupakulia gemu za kompyuta, na karibu yote yana sentensi moja inayofanana: "Fundi ameniambia nipige Windows upya." Nimechagua machache ambayo majibu yake yatawafaa na wengine.

Steam haifunguki. Nifanyeje? (Msomaji, Mwanakwerekwe)

Swali hili linaletwa kila mara, na kila mara linakuja tupu. Windows gani? Ujumbe gani unatokea? Jana ilikuwa inafanya kazi, au haijapata kufunguka tangu uiweke? Diski imebakiwa na nafasi kiasi gani? Bila ya hayo hakuna mtu atakayekusaidia, si mimi wala fundi.

Nitakupa pa kuanzia. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika winver, kisha soma kilichotokea. Ukikuta Windows 7, 8 au 8.1, usitafute zaidi. Valve, ambao ndio wenye Steam, waliacha kuzihudumia Windows hizo tarehe 1 Januari 2024, kwa sababu Steam ya leo imebeba kivinjari cha Chrome ndani yake, na Chrome mpya haiendi kwenye Windows za zamani. Windows 10 ya biti 32 nayo iliwekewa mwisho wake tarehe 1 Januari 2026. Mwenye mashine ya namna hiyo ndiye pekee leo nitakayemwambia apige Windows mpya, na apige ya halali.

Ami, Steam inaleta dirisha jeusi tupu halafu inaganda. Fundi wa Darajani ameshanitajia bei ya kupiga Windows. Nimpe mashine? (Kijana wa Fuoni)

Usimpe, mwanangu. Dirisha hilo linachorwa na programu ndogo iitwayo steamwebhelper. Ikiganda hiyo, Steam yenyewe inaweza kuwa hai nyuma yake na wewe usione kitu. Bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja ili Task Manager ifunguke, funga kila mstari wenye jina la Steam au steamwebhelper, kisha fungua Steam upya. Mara nyingi mambo huishia hapo.

Yasipoishia, bonyeza Windows na R, andika steam://flushconfig, ukubali. Amri hiyo inafuta kashe ya upakuaji (kumbukumbu za muda, si gemu zako) na inakutoa kwenye akaunti. Kwa hiyo kabla hujaiandika, hakikisha nywila unaijua na barua pepe uliyojiandikishia bado unaweza kuifungua. Vijana wengi walifunguliwa akaunti na mtu wa duka, kwa barua pepe ya mtu wa duka, na wanakuja kulijua hilo siku wametolewa nje na hawana pa kurudia. Kama nawe ni mmoja wao, badilisha barua pepe leo, kabla ya kugusa kitu chochote.

Hatua ya tatu: ifunge Steam kabisa, nenda C:\Program Files (x86)\Steam, futa kila kitu isipokuwa vitu vitatu: folda ya steamapps, folda ya userdata na faili la steam.exe. Kisha bofya hilo steam.exe, litajipakulia vilivyobaki. Gemu zako zimo ndani ya steamapps, hazijaguswa. Lakini usije ukaiondoa Steam kwa njia ya kawaida ya kuondoa programu, kwani itaondoka na steamapps nzima. Mtu aliyekesha na bando wiki kadhaa kupakua GB 90 anazipoteza kwa kubofya mara moja.

Kupiga Windows kwa ajili ya dirisha jeusi ni kubomoa nyumba kwa sababu kitasa kimekwama. Mafundi wanakimbilia huko kwa kuwa ni kazi isiyotaka kusoma: flashi moja, wanabofya, wanakwenda kunywa chai. Na Windows wanayokuwekea mara nyingi imefunguliwa kwa programu ya wizi iliyotaka antivairasi izimwe kwanza. Umelipa pesa, umepoteza gemu zako na picha za familia, na mashine imerudi nyumbani ikiwa na mdudu ambaye hakuwamo. Kabla hujamwachia mtu laptopu yako, muulize: tatizo ni nini hasa? Akishindwa kulitaja, chukua mashine yako uondoke.

Steam Guard inanisumbua kwa kuomba namba kila nikiingia. Niizime? (Msomaji, Mlandege)

Usiizime, ndiyo kinga ya akaunti yako. Na ukitumiwa na rafiki kiungo cha kupigia kura timu yake au cha kupewa zawadi ya bure, usikifungue. Huyo si rafiki yako tena, ni mtu aliyeiba akaunti ya rafiki yako.

Assalaam alaykum, mwalimu. Steam inasema haina mtandao lakini simu yangu kwenye waifai hiyohiyo inacheza video vizuri. Fundi wa hapa Wete amepiga Windows mara mbili na hali ni ileile. Nakutumia picha ya skrini. (Msomaji, Wete)

Wa alaykum salaam. Picha yako imenisaidia kuliko maelezo yote. Tazama pembe ya chini, mkono wa kulia: tarehe inasoma 1 Januari 2012. Hilo ndilo tatizo lako lote, na lilikuwa mbele ya macho ya fundi mara zote mbili.

Steam, kama tovuti yoyote salama, inajitambulisha kwa cheti chenye tarehe ya kuanza na tarehe ya kumalizika. Kompyuta inayoamini kwamba tuko 2012 inakiona cheti cha leo kuwa bado hakijaanza kutumika, inakikataa, na wewe unaambiwa hakuna mtandao. Simu inapata saa yake kutoka kwenye mtandao wa simu, ndiyo maana haina shida.

Kompyuta za mezani za mitumba zinafika hapa zikiwa na miaka mingi, na betri ya saa kwenye mazabodi imekwisha. Kila umeme ukikatika, saa inarudi mwanzo. Betri yenyewe ni ya duara, bapa, imeandikwa CR2032, ya volti 3, na maduka ya saa wanayo. Chomoa waya wa umeme, fungua kifuniko, sukuma kile kichuma kidogo cha pembeni, betri itaruka. Weka mpya, upande wenye alama ya kujumlisha ukiwa juu. Ukiwasha, sahihisha tarehe na uchague saa za Nairobi, ambazo ni zetu pia. Steam itaingia.

Windows mbili zimepigwa kwa kitu kinachouzwa bei ya soda. Mdai huyo fundi pesa zako, kwa adabu lakini mdai.

Umeme ulikatika gemu ikiwa inapakuliwa. Sasa inaleta kosa la kuandika kwenye diski, na nyingine niliyokuwa nayo inajifunga yenyewe. (Msomaji, Chake Chake)

Usifute gemu. Ndani ya Steam nenda Settings, Storage, bofya vile vidoti vitatu, chagua Repair folder. Halafu ile gemu inayojifunga ibofye kitufe cha kulia, Properties, Installed Files, kisha Verify integrity of game files. Steam itakagua faili moja moja na kupakua zilizoharibika tu, si gemu nzima. Kosa likibaki, fungua Command Prompt kama msimamizi, andika chkdsk C: /f, kubali, uwashe mashine upya na uiache imalize. Usiizime katikati kwa kukosa subira. Na kama diski inalia kwa kugonga, acha yote hayo, nakili vitu vyako muhimu leo.

Umeme wa Pemba unatoka Tanga kwa waya wa chini ya bahari tangu 2010, na Unguja wanaukumbuka ule mwisho wa 2009 walipoingia gizani kwa karibu miezi mitatu. Tunaishi visiwani. Mwenye kompyuta ya mezani bila ya UPS, yaani betri ya akiba ya umeme ukikatika, anaiweka diski yake rehani kila siku. Mwenye laptopu asiitoe betri ati anaitunza, betri ndiyo UPS yake. Na mashine iliyo karibu na dirisha linalotazama bahari isogezwe ndani, chumvi inakula viungio vya ramu (kumbukumbu ya kompyuta) polepole na baadaye utaambiwa ni Windows.

Nimelipia intaneti ya megabiti 10, Steam inanionyesha 1.2 tu. Nimeibiwa? (Msomaji, Kiembe Samaki)

Hujaibiwa. Kampuni inahesabu kwa biti, Steam inahesabu kwa baiti, na baiti moja ni biti 8. Kwa kasi hiyo gemu ya GB 50 inataka saa 11 hivi bila ya kukatika, kwa hiyo ipange usiku na uzuie masasisho ya mchana.

Binamu yangu Unguja ana gemu zote, mimi niko Mkoani na bando halitoshi. Naweza kunakili kwake? (Msomaji, Mkoani)

Unaweza, kama gemu ni yako pia kwenye akaunti yako, au ni ya bure kama Dota 2. Anakili folda ya gemu kutoka steamapps\common kwenye diski ya nje. Wewe uiweke mahali palepale kwenye mashine yako, kisha ubofye Install: Steam itazikuta faili na kupakua zilizopungua tu. Diski hiyo, au flashi, iwe na muundo (format) wa NTFS au exFAT, kwani ule wa FAT32 haupokei faili linalozidi GB 4, na kumbuka kwamba kubadilisha muundo kunafuta kilichomo. Mkikutana sikukuu nyumba moja, ni rahisi zaidi: tangu 2023 Steam inahamisha gemu kati ya kompyuta mbili zilizo kwenye rauta moja bila ya kula bando. Mruhusiane kwenye Settings, sehemu ya Downloads, na nyote muwe mmeingia.

Akaunti ya mtu usinunue, hata kama ni nafuu. Mkataba wa Steam unakataza kuuza akaunti, na aliyeifungua mwanzo anaweza kuidai siku yoyote.

Nikienda shamba Makunduchi hakuna intaneti na Steam inagoma. (Msomaji, Michenzani)

Kabla hujaondoka mjini, ingia ukiwa na mtandao, kubali ikukumbuke, acha masasisho yote yamalizike, fungua kila gemu unayotaka kuicheza angalau mara moja, ndipo uchague Go Offline. Usijitoe kwenye akaunti mpaka urudi.